Nimelipa milioni 88, deni limepungua kwa kiasi kisichofika milioni 5: tuuhesabu mkopo wa nyumba hadi mwisho wake

Mkazi wa Kigamboni (mwanzisha uzi)

Nawasalimu wanajukwaa. Uzi huu ni mrefu na una tarakimu nyingi, kwa hiyo anayeusomea ndani ya daladala namwomba auhifadhi mpaka afike nyumbani, akae na kalamu na kikokotoo cha simu.

Machi 2019 mimi na mume wangu tulichukua mkopo wa nyumba wa shilingi milioni 100 kutoka benki ambayo sitaitaja, kwa sababu haikutufanyia lolote ambalo benki ya jirani yake isingetufanyia. Nyumba iko Kigamboni, bei yake ilikuwa milioni 120, na milioni 20 za mwanzo tulizitoa wenyewe baada ya kuvunja akiba ya miaka sita. Riba ilikuwa asilimia 17 kwa mwaka, muda miaka 20, na rejesho shilingi 1,466,800 kila mwezi, likikatwa kabla mshahara haujafika mkononi. Hatukuwahi kuchelewa hata mwezi mmoja.

Mwaka 2024 nilihamishiwa Dodoma, tukakubaliana kuiuza nyumba ile na kuanza upya huku. Nilikwenda benki kuomba barua ya salio, nikiwa nimeshajipigia hesabu yangu kichwani: tumelipa miezi 60, ambayo ni robo ya muda wote, basi deni litakuwa limebaki milioni 75 au 80 hivi. Kijana wa dirisha la mikopo akachapa barua, akaipiga muhuri, akanisogezea. Salio lilikuwa shilingi 95,308,000. Nikamwambia kwa upole kwamba amefungua akaunti ya mtu mwingine. Akanijibu, "Hapana mama, ni yako," kisha akakizungusha kioo cha kompyuta upande wangu na kunionyesha jedwali lenye safu tatu: rejesho, riba, na deni la msingi, yaani kile kinachopunguza mkopo wenyewe.

Mstari wa kwanza wa jedwali lile nimeukariri. Rejesho 1,466,800, riba 1,416,667, deni la msingi 50,133. Kwa maneno mengine, mwezi ule wa kwanza ambao tulifurahi na kuwapigia ndugu simu kwamba sasa tunalipia chetu, tuliipunguza bei ya nyumba kwa kiasi ambacho mtu huacha dukani akinunua mchele na mafuta. Nikateremka mpaka mstari wa 60: kati ya shilingi 1,466,800, zilizopunguza deni ni 114,970. Kwa miaka mitano tumelipa jumla ya milioni 88, na kati ya hizo milioni 4.69 tu ndizo zimekwenda kwenye nyumba.

Hakuna wizi hapo, na ndiyo maana naandika kwa utulivu. Kila mwezi benki hutazama deni lililobaki, hulitoza asilimia 17 iliyogawanywa kwa miezi 12, hujilipa riba yake yote kwanza kutoka kwenye rejesho, na kinachosalia ndicho hupunguza deni. Mwanzoni deni ni kubwa, kwa hiyo riba hulimeza karibu rejesho lote. Kwa mkopo wetu ni mpaka rejesho la 192, yaani mwisho wa mwaka wa 16, ndipo kwa mara ya kwanza zaidi ya nusu ya rejesho itakwenda kwenye deni. Nusu ya milioni 100 itakuwa imelipwa mwezi wa 194. Zile milioni 50 nyingine zinalipwa ndani ya miaka minne ya mwisho, na mtu anayeuza, anayehama, anayeachishwa kazi au kufariki kabla ya hapo haioni miaka hiyo.

Sasa tuje kwenye muda, maana hapa ndipo tulipojikwaa. Ofisa alitupa kuchagua miaka 15, 20 au 25, nasi tukachagua 20 kama mtu anavyochagua ukubwa wa soda: ndogo haitoshi, kubwa inatisha, basi ya kati. Hatukuomba jumla ya kila muda. Nimezikokotoa mwenyewe, kwa mkopo uleule na riba ileile. Ukilipa kwa miaka 10 rejesho ni takriban 1,738,000 na jumla yote ni milioni 208.6. Kwa miaka 15 rejesho ni 1,539,000, jumla milioni 277. Kwa miaka 20 ni 1,466,800, jumla milioni 352. Kwa miaka 25 ni 1,437,800, jumla milioni 431.3.

Tafadhali rudieni kusoma hizo mbili za mwisho. Ukitoka miaka 20 kwenda 25 unapata nafuu ya shilingi elfu 29 kwa mwezi, na nafuu hiyo unailipia milioni 79. Na sisi tuliokwepa miaka 10 tulikwepa nyongeza ya shilingi 271,000 kwa mwezi, tukakubali badala yake kulipa milioni 143 zaidi. Ningekuwa nimeyaona haya mwaka 2019, ningeuza gari.

Kuna gharama nyingine ambazo hazimo kwenye rejesho. Kabla fedha hazijatoka tulilipa ada ya kushughulikia mkopo, mthamini, mwanasheria, ushuru wa stempu na usajili wa rehani, jumla milioni 3 na laki sita. Kila mwaka kuna bima mbili, ya maisha ya mkopaji na ya jengo dhidi ya moto, na zote mbili benki ndiyo imeandikwa kuwa wa kwanza kulipwa. Kodi ya pango la ardhi na kodi ya majengo, hii inayokatwa ukinunua umeme wa LUKU, ni ndogo ukilinganisha na hayo, wala sitazikuza. Kilichotushangaza ni matunzo. Kigamboni upepo wa bahari unakula nondo za madirisha, na maji ya kisima yenye chumvi yameshatubadilishia mabomba ya bafuni mara mbili na pampu mara moja. Tulipokuwa tumepanga Tabata, bomba likivuja tulimpigia mwenye nyumba. Sasa mwenye nyumba ni sisi, ingawa kwa jedwali lile benki ina haki ya kucheka.

Mtaniuliza kwa nini riba iko juu hivyo. Naelewa kidogo sababu yake. Benki zetu hukusanya amana za muda mfupi, fedha ambazo mwenyewe anaweza kuja kuzichukua kesho, kisha zinatakiwa kuzikopesha kwa miaka 20. Na mwaka ule wa 2019 Serikali yenyewe ilikuwa ikiuza hatifungani (hati ya kuikopesha Serikali) ya miaka 20 yenye riba ya asilimia 15.49, benki gani ingenikopesha mimi kwa asilimia 12 wakati Serikali, isiyohamishwa kazi wala kuumwa, inailipa zaidi ya hapo? Hali ilikuwa mbaya zaidi zamani. Mwaka 2010, ilipoanzishwa kampuni ya TMRC ili kuzipatia benki fedha za muda mrefu za mikopo ya nyumba, riba zilikuwa asilimia 22 hadi 24, na muda haukuzidi miaka 10. Baadaye zilishuka hadi kati ya asilimia 15 na 19, na muda ukafika miaka 25. Kuna maendeleo, lakini ule muda uliorefushwa ndio nilioueleza hapo juu, na huwa unatangazwa kama zawadi.

Kuhusu kuuza: mnunuzi alifika bei ya milioni 125. Tukiwalipa benki 95.3 tunabakiwa na milioni 29.7, kabla ya dalali na kodi. Tulikuwa tumeshatoa milioni 20 za awali, 88 za marejesho na zile gharama za mwanzo. Naomba maoni ya wenye uzoefu: niuze, nipangishe, au nifanye nini?

Mhasibu Mstaafu

Dada yangu wa Kigamboni, umeandika kwa uangalifu na hesabu zako nimezipitia, ziko sawa. Hata hivyo naomba nikupinge mahali pamoja, kwa sababu wasomaji wengi wataondoka na ile milioni 352 vichwani na kuwatisha watoto wao.

Shilingi ya mwaka 2039 haiwezi kuhesabiwa sawa na shilingi ya mwaka 2019. Mfumuko wa bei hapa kwetu umekuwa kati ya asilimia 3 na 5 kwa miaka kadhaa sasa. Ukiuchukua kuwa asilimia 4, rejesho lako la mwisho la 1,466,800 litakuwa na uwezo wa kununua vitu vya kama laki sita na sitini za siku uliyosaini. Ukiyarudisha marejesho yote 240 kwenye thamani ya siku ile kwa njia hiyo, jumla inakuwa takriban milioni 242, si 352. Bado ni zaidi ya mara mbili ya ulichokopa, siitetei benki, lakini hiyo ndiyo bei halisi zaidi ya kuizungumzia.

Pili, hukutoa kodi ya nyumba ambayo ungelipa Tabata. Mtu haishi hewani kwa miaka 20. Ungetuambia mlikuwa mnalipa kiasi gani, tungekupunguzia lawama.

Mkazi wa Kigamboni

Mzee wangu, shikamoo, na nimepokea. Tabata tulikuwa tunalipa shilingi 500,000 kwa mwezi, miezi sita mbele, na kila tulipohama dalali alichukua ya mwezi mmoja. Kwa miaka mitano hiyo ni milioni 30, hata kama mwenye nyumba asingepandisha. Kwa hiyo ni kweli kwamba kati ya zile milioni 83 za riba, milioni 30 zingekwenda kwa mtu mwingine hata hivyo.

Ila hoja yako ya mfumuko wa bei ina upande wa pili. Inanisaidia kama mshahara wangu unapanda pamoja na bei za vitu. Kwa miaka kadhaa wetu haukupanda kwa kiasi cha kuonekana, bali vilipanda mchele, ada za shule na nauli, na rejesho likabaki palepale. Miaka ile ya mwanzo, ambayo shilingi ilikuwa bado nzito, ndiyo iliyotubana, na ndiyo ambayo haikupunguza deni.

Fundi wa Chanika

Mimi sina elimu ya jedwali ila nimejenga nyumba za watu kwa miaka 22. Milioni 120 ile ungenunua kiwanja cha milioni 10 huku kwetu, ukasimamisha vyumba vitatu vya kisasa kwa milioni 60, na usidaiwe na mtu. Watanzania walio wengi ndivyo tunavyojenga, msingi mwaka huu, kuta mwaka kesho, bati Mungu akijalia. Benki ni ya nini?

Mkazi wa Kigamboni

Fundi, nakuheshimu, na kama ningekuwa na umri wa miaka 25 ningekufuata. Lakini na njia hiyo ina riba yake, ila haina jedwali. Shemeji yangu alijenga kwa mtindo huo kwa miaka tisa. Katika miaka hiyo tisa alikuwa amepanga kwa shilingi 400,000 kwa mwezi, ambayo ni milioni 43.2. Nondo alizoacha zimechomoza juu ya kuta zilipata kutu mpaka zikakatwa, tofali za mwanzo ziliibwa, na fundi wa kwanza (si wewe) alikula fedha za lenta akahamia Mwanza. Na bado, baada ya kuyajumlisha yote hayo, alitumia chini yetu kwa mbali. Hilo siwezi kulikana. Alicholipa zaidi ni muda, na watoto wake wawili wa kwanza walikulia kwenye nyumba ya kupanga.

Mpwani wa Kisauni

Salamu kutoka Mombasa. Ndugu zetu wa bara ya huko mnazungumza kana kwamba riba ni ile mliyosaini. Soma mkataba wako vizuri, dada, utakuta kifungu kinachoiruhusu benki kuibadilisha.

Mdogo wangu alichukua mkopo wa shilingi milioni 5 za Kenya mapema mwaka 2021, asilimia 12, miaka 20. Rejesho lilikuwa 55,054. Benki Kuu ya Kenya ikaanza kupandisha riba yake, kutoka asilimia 7 mwaka 2022 mpaka 13 Februari 2024, na benki za biashara zikafuata. Baada ya miaka mitatu ya kulipa bila kukosa, deni lake lilikuwa limeshuka hadi milioni 4.78. Siku benki ilipomwandikia kwamba sasa riba ni asilimia 14, akaona ni asilimia mbili tu, akadhani atajibana kidogo. Tukakaa barazani tukapiga hesabu: riba ya mwezi mmoja peke yake kwa asilimia 14 ni 55,793. Yaani rejesho lake la zamani halikutosha hata kuilipa riba. Angeendelea nalo, deni lingekuwa linakua kila mwezi huku yeye akilipa. Ili amalize ndani ya muda uleule ilibidi alipe 61,570. Na mambo yalivyokwenda, haikuishia 14.

Sisi tulikuwa na sheria ya kuweka kikomo cha riba kuanzia mwaka 2016, ikafutwa Novemba 2019. Watu wengi waliikosoa kwa sababu benki ziliacha kuwakopesha wadogo, nami nakubali kwamba ilikuwa na madhara hayo. Lakini aliyekwisha kukopa aliweza kulala.

Jambo moja jema ambalo Wakenya wengi hawalijui: mwenye mkopo wa nyumba anayoishi huruhusiwa kuitoa riba aliyoilipa kwenye mapato yanayotozwa kodi. Kikomo kilikuwa shilingi 300,000 kwa mwaka, na kuanzia Desemba 2024 ni 360,000. Mdogo wangu hakuwa akiidai kwa miaka mitatu yote.

Mgeni Jukwaani

Samahani kwa kuingilia. Nimepewa ofa na taasisi moja ndogo ya mikopo: milioni 100, riba asilimia 10, miaka 10. Wamesema riba ni ya mkopo wote. Nikilinganisha na asilimia 17 ya dada, si nimepata bahati?

Mhasibu Mstaafu

Mwanangu, hilo neno "ya mkopo wote" ndilo la kushughulika nalo. Maana yake watakutoza asilimia 10 ya milioni 100 kila mwaka kwa miaka kumi, hata mwaka wa tisa ambapo utakuwa umebakiwa na deni dogo. Riba inakuwa milioni 100, jumla milioni 200, rejesho 1,666,667. Benki ya dada yetu hutoza juu ya salio. Ukiigeuza ofa yako iwe kwa kipimo hicho cha salio, ni karibu asilimia 16 kwa mwaka. Mwenyewe ameandika hapo juu kwamba kwa asilimia 17 na miaka 10 rejesho ni 1,738,000, kwa hiyo tofauti yenu ni elfu 71 kwa mwezi. Una nafuu, lakini ni nafuu ndogo, siyo ile ya 10 kwa 17 unayoiona.

Waulize jambo jingine kabla hujasaini: ukitaka kumaliza deni mwaka wa nne, riba ya miaka sita iliyobaki inafutwa au unailipa? Wengi wanaotoza kwa mtindo huo huidai yote au sehemu kubwa. Jibu liwe kwa maandishi.

Mwana wa Unguja

Assalamu alaikum. Sisi wengine riba haturuhusiwi, na kuna benki zinazotoa murabaha. Benki inainunua nyumba, inakuuzia kwa bei ya juu zaidi, unalipa kidogo kidogo. Hapo hakuna jedwali la kukushtua.

Mhasibu Mstaafu

Waalaikumu salaam. Kwa upande wa dini siwezi kusema, wapo wajuzi. Kwa upande wa hesabu, uzuri wake ni kwamba bei imefungwa siku ya kwanza, na yaliyompata mdogo wa Mpwani hayawezi kukupata. Lakini jumla ile bado uilinganishe na jumla za wengine kwa muda uleule, maana mara nyingi hazitofautiani sana, na uulize kama ukimaliza mapema benki itakusamehe sehemu ya faida yake au ni hiari yake tu.

Msomi wa Sheria

Naongeza kwa ufupi, kwa upande wa Tanzania Bara, kwa sababu gharama ya kushindwa kulipa haijatajwa. Chini ya Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 pamoja na marekebisho yake, benki haiwezi kukurupuka kuuza. Lazima ikupe notisi ya siku 60 ya kurekebisha kosa, na ikifika kuuza ina wajibu wa kutafuta bei nzuri inayoweza kupatikana wakati huo. Aidha, nyumba ya familia haiwezi kuwekwa rehani kihalali bila ridhaa ya mwenzi anayeishi humo. Watu huzitumia siku hizo 60 kukimbilia kwa wapatanishi wa kujitangaza, wakati ambapo adhabu ya kuchelewa inaongezeka juu ya riba na gharama za dalali wa mnada zinasubiri kuongezwa juu ya hapo. Mtu akiona mwezi wa pili unamshinda, aende benki yeye mwenyewe kabla barua haijaja, aombe mkopo upangwe upya. Na akipangiwa upya, aombe jedwali jipya papo hapo, maana kupangiwa upya mara nyingi ni kuongezewa miaka.

Mpwani wa Kisauni

Kwetu kuna kifungu cha 44A cha Sheria ya Mabenki: mkopo ukishakuwa chechefu, yaani marejesho yamekwama, riba inayoweza kudaiwa kuanzia hapo haiwezi kuzidi deni la msingi lililokuwepo siku ile. Mahakama zimekwisha kukitumia. Lakini hakimgusi anayelipa vizuri. Huyo atalipa mara tatu na nusu kama dada wa Kigamboni na hakuna atakayemtetea.

Mkazi wa Kigamboni

Nawashukuru nyote. Nimechelewa kurudi kwa sababu nilitaka nije na majibu.

Hatukuuza. Kupokea jumla ya milioni 29.7, kisha kwenda kukopa upya Dodoma na kuanza tena kwenye mstari wa kwanza wa jedwali jipya, kulinitia baridi. Nyumba tumeipangisha kwa shilingi 700,000 kwa mwezi, na hapa Dodoma tumepanga kwa 450,000. Tofauti hiyo ni laki mbili na nusu. Laki moja tunaiweka kwa ajili ya mabomba, pampu na kodi ya mapato ya pango, na laki moja na nusu tunaiongeza kwenye rejesho.

Kuhusu hiyo laki na nusu, mume wangu alikuwa na wasiwasi kwamba ni tone baharini, nikampigia hesabu. Deni la 95,308,000 kwa rejesho la zamani lina miezi 180 na jumla ya milioni 264. Kwa rejesho la 1,616,800 linaisha kwa miezi 129, huo wa mwisho ukiwa wa kipande tu, na jumla ni milioni 207. Tunapunguza zaidi ya miaka minne na tunaokoa karibu milioni 57. Kama tungeianza laki na nusu hiyo tangu Aprili 2019 tungeokoa milioni 112 na kumaliza ndani ya miaka 12 na nusu. Nusu ya faida hiyo imekwenda na miaka mitano ya kutojua.

Kwa wanaotaka kufanya hivyo, angalizo moja kutoka dirishani. Mwezi wa kwanza nilituma ile laki na nusu kwenye akaunti ya mkopo nikiamini imeingia kwenye deni. Mwezi wa pili nikaomba taarifa ya akaunti, nikakuta imekaa pembeni kama malipo ya mbele ya mwezi unaofuata, na deni la msingi halijaguswa. Nililazimika kuandika barua, sentensi mbili, kwamba fedha yoyote inayozidi rejesho ipunguze deni la msingi na muda wa mkopo ufupishwe, rejesho lisibadilishwe. Nikapewa nakala yenye muhuri. Mkataba wetu uliruhusu malipo ya ziada bila adhabu baada ya miaka mitatu. Yako inaweza kuwa tofauti, kwa hiyo angalia.

Mhasibu, uliniuliza kwa ujumbe wa faragha kama benki wamelirekebisha jedwali. Wamelirekebisha. Safu ya tatu, ile ya deni la msingi, ya mwezi ule wa kwanza sasa inasomeka 266,603.